Kuendesha maktaba ya mtaa Mombasa: rafu, daftari na vita na unyevu

Maktaba za mtaa hazifi sana kwa kukosa vitabu. Hufa kwa sababu kitabu kipo lakini hakuna anayejua kiko wapi, au mlango umefungwa saa ambayo ubao ulisema utakuwa wazi, au masika imeingia na nusu ya rafu imefanya ukungu. Mwongozo huu ni wa chumba kimoja chenye vitabu 500 hadi 1,500, kiwe Kisauni, Likoni, Majengo au Mikindani, kinachoendeshwa na watu wawili watatu wasio na mshahara mkubwa, pengine wasio nao kabisa.

Kabla ya kununua hata ubao mmoja, andikeni kwenye karatasi mambo matatu: maktaba ni ya nani, iko wazi lini, na nani anashika ufunguo. La kwanza lina jibu lililokwisha kutolewa. Tamko la IFLA, shirikisho la kimataifa la maktaba, na UNESCO kuhusu maktaba za umma, la 1994 na lililorekebishwa 2022, linasema maktaba ya umma ni ya kila mtu bila kujali umri, dini, lugha wala hali yake, na kimsingi huduma yake ni ya bure. Ukimtoza mtoto shilingi ishirini mlangoni umeshachagua wasomaji wako. Kuhusu chumba, mahali pa kuanzia kuuliza ni kaunti: Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limeziweka maktaba katika kazi za serikali za kaunti. Na kabla ya kuanza, nendeni mkakae nusu siku katika tawi la Huduma ya Maktaba ya Taifa, Barabara ya Msanifu Kombo. Mtazame rafu zilivyopangwa na mezani watu wanauliza nini.

Saa za kufungua

Saa chache zinazotimizwa ni bora kuliko saa nyingi za mdomoni. Msomaji akikuta kufuli mara mbili, ya tatu haji, na ataeneza habari.

Pangeni saa kwa kufuata maisha ya mtaa. Watoto wengi wana chuo cha Qurani jioni au Jumamosi na Jumapili asubuhi, kwa hivyo kufungua Jumamosi saa 3 asubuhi kunaweza kukuletea chumba kitupu, ilhali saa 8 mchana pakajaa. Ijumaa fungeni kuanzia saa 6 hadi saa 8 mchana. Mwezi wa Ramadhani sogezeni kazi asubuhi na mfunge saa 10, watu wawahi futari. Ratiba ya kuanzia inayowezekana kwa watu watatu ni siku nne za wiki, saa 9 alasiri hadi 12 jioni, pamoja na Jumamosi mchana. Likizo za shule ongezeni asubuhi. Iandikeni kwa herufi kubwa nje ya mlango, pamoja na siku za kufungwa, na anayekosa zamu awe na mtu aliyekwisha kukubali kumshikia.

Zawadi za vitabu

Hapa ndipo wengi huharibikiwa. Mtu analeta maboksi sita, mnaona haya kukataa, na mwezi ukiisha chumba ni ghala. Mwambieni kila mfadhili tangu mwanzo kwamba vitabu vitapekuliwa, na visivyofaa vitapewa wengine au vitachakatwa kuwa karatasi upya. Asiyeridhia na abaki na vyake.

Pekueni nje ya chumba, kivulini. Kila kitabu kifunguliwe katikati na kunuswa. Kinachonuka uvundo au chenye madoa ya kijani, meupe au meusi hakiingii ndani, kwani ukungu huruka kama vumbi na kushika vingine. Kisha tazameni mwaka. Kitabu cha uraia kinachohesabu mikoa minane badala ya kaunti 47 humpotosha mwanafunzi. Atlasi isiyo na Sudan Kusini ni ya kabla ya 2011. Kitabu cha sheria kinachoeleza Katiba ya kabla ya Agosti 2010 kina faida kwa mwanahistoria tu. Vitabu vya kiada vya 8-4-4 vimejaa kila mahali; mtihani wa mwisho wa darasa la nane ulifanywa 2023, basi vya msingi vya mtaala ule achaneni navyo, isipokuwa vya hadithi na kamusi. Vya dawa na magonjwa vilivyopita miaka mitano hadi saba vikaguliwe na mhudumu wa afya au viachwe.

Kupekua huku hakuishi siku ya kwanza. Kila mwaka rafu zipitiwe tena kwa jicho hilohilo, na kitabu ambacho hakijaguswa miaka mitatu kiulizwe kinangoja nini. Rafu iliyopunguzwa huazimwa zaidi, maana macho ya msomaji hayachoki kabla ya kufika kwenye kizuri.

Jambo moja la kuangalia kwa heshima: kurasa zilizochanika zenye aya za Qurani hazitupwi jaani wala kufungiwa vitumbua. Wekeni boksi safi juu ya kabati, likijaa lipelekwe msikitini ambako wanajua la kufanya.

Daftari na muhuri

Kila kitabu kilichopita hupewa namba yake katika daftari kubwa lenye jalada gumu: 1, 2, 3 na kuendelea. Safu za daftari ni namba, tarehe ya kuingia, mwandishi, jina la kitabu, mchapishaji na mwaka, kimetoka wapi, bei, na nafasi ya maelezo. Nakala tatu za kitabu kimoja hupata namba tatu. Namba haitumiki mara ya pili hata kitabu kikipotea. Andikeni kwa kalamu ya wino usioyeyuka maji. Wino wa kawaida hulia masika. Kama kuna kompyuta, jedwali la kawaida la hesabu latosha hadi vitabu elfu mbili. Programu huria kama Koha ni nzuri, ila inataka mtu wa kuitunza, na akiondoka nayo hulala. Daftari la karatasi libaki hata kama kompyuta ipo.

Muhuri wa maktaba ugongwe ukurasa wa jina, ukurasa wa mwisho, na ukurasa mmoja wa siri ambao ni uleule katika vitabu vyote, tuseme wa 17. Usigonge juu ya maandishi wala picha, na uache wino ukauke dakika kadhaa kabla ya kufunga.

Kupanga rafuni

Mfumo unaotumiwa na maktaba nyingi za umma ni wa Dewey, uliotolewa Marekani na Melvil Dewey mwaka 1876. Elimu yote imegawanywa makundi kumi kuanzia 000 hadi 900, na kila kundi hugawanyika kwa kumi tena. Kwa maktaba ndogo tarakimu tatu zatosha, na moja hadi tatu baada ya nukta pale ambapo vitabu ni vingi: 398.2 ngano na hadithi za kale, 510 hisabati, 610 afya, 639.2 uvuvi, 641.5 mapishi, 796.334 mpira wa miguu, 967.6 historia ya Afrika Mashariki.

Mfumo huu una upogo wake, na Mombasa utauona wiki ya kwanza. Katika fungu la dini, Ukristo umepewa kuanzia 220 hadi 289, Uislamu wote umesukumwa ndani ya 297. Basi 297 yako itafurika, na dawa ni kuishusha kwa nukta: 297.1 Qurani, tafsiri na hadithi za Mtume, 297.2 itikadi, 297.3 ibada, 297.63 sira ya Mtume. Misahafu iwekwe rafu ya juu, isiwe chini ya vitabu vingine wala karibu na sakafu. Hilo huenda usilikute katika vitabu vya ukutubi kutoka nje, lakini ukilikosea utaambiwa siku hiyohiyo. Vitabu vya Kiarabu hufunguka kutoka kulia, kwa hivyo karatasi ya tarehe za kurudisha bandikeni ndani ya jalada ambalo msomaji wa Kizungu angeliita la nyuma.

Upogo wa pili ni fasihi. Kiingereza kimepewa 820 nzima, Kiswahili kimekaa kwenye 896.392. Ukifuata mfumo kwa ukamilifu, kila riwaya ya Kiswahili itabeba namba ndefu kuliko mgongo wake. Usijitese. Toeni hadithi nje ya namba: lebo ya HAD kwa hadithi na riwaya, USH kwa ushairi, TAM kwa tamthilia, na chini yake herufi tatu za mwandishi. Za watoto ziwe na utepe wa rangi mgongoni, mmoja kwa wanaoanza kusoma, mwingine kwa wanaosoma wenyewe.

Herufi tatu za jina gani? Amueni mara moja. Ukitumia jina la mwisho utapata MOH na ALI nyingi mno, kwani ndiyo majina ya baba na babu za nusu ya Pwani. Si neno, vitafuatana kwa jina la kwanza. Kibaya ni mwandishi mmoja kukaa mahali pawili kwa sababu wakutubi wawili waliamua tofauti. Uamuzi uandikwe katika kijitabu cha kanuni kinachokaa mezani, na kila jambo la kutatanisha liongezwe humo.

Rafu ziwe na kina cha sentimita 25, na ubao usizidi sentimita 90 bila nguzo, kwani ukijaa hubeba kilo 25 na zaidi. Chipbodi haifai Pwani: hunywa unyevu, hufura, halafu hupinda. Ubao wa chini uwe sentimita 15 juu ya sakafu kwa ajili ya maji na ufagio. Ubao mmoja huingia vitabu 30 vya kiasi. Pangeni 20, nafasi nyingine iachwe. Kwa hivyo vitabu 500 vyahitaji mbao 25, yaani kabati tano za mbao tano. Za watoto zisizidi kimo cha sentimita 120, na vitabu vichache vionyeshe jalada badala ya mgongo. Njia kati ya kabati iwe sentimita 90 angalau, kiti cha magurudumu kipite.

Unyevu

Ukungu huanza kushika karatasi unyevu wa hewa ukikaa juu ya asilimia 65 kwa siku kadhaa, na Mombasa kiwango hicho ni cha kawaida, hasa masika ya Aprili hadi Juni. Huwezi kuukausha mji. Unachoweza ni kuizuia hewa isisimame.

Kabati zisigusane na ukuta. Acheni sentimita 5 hadi 10. Kuta za mawe ya matumbawe za nyumba za Mji wa Kale hunywa maji na kuyatoa polepole, na safu ya vitabu iliyobanwa ukutani huoza kuanzia nyuma, kusikoonekana. Kabati zisiwe na mgongo wa mbao nzima wala milango ya kioo. Vitabu visibanwe: kidole kiingie kati yake bila nguvu. Feni moja inayopeperusha hewa chini na kati ya kabati ina kazi kubwa kuliko feni ya dari inayozungusha joto. Madirisha yafunguliwe kuanzia saa 4 asubuhi jua likishapanda hadi alasiri, kisha yafungwe usiku na wakati wa mvua. Usiku joto hushuka na unyevu hupanda. Kipima unyevu kidogo kikiwa mezani kitakuambia siku gani dirisha ni rafiki na siku gani ni adui. Msifunike vitabu kwa nailoni, hata safari iwe ndefu: hutoa jasho ndani.

Ukungu ukitokea, tenga kitabu ndani ya boksi la karatasi, si mfuko wa plastiki. Kikaushe kwanza kivulini penye upepo, kurasa zikipepea, siku mbili au tatu. Kikishakauka, vaa barakoa na glavu, toka nje, upepo ukiwa mgongoni, na upanguse kwa brashi laini kutoka mgongoni kwenda nje. Ukipangusa kingali kibichi unaupaka ndani ya karatasi. Usitumie maji, jiki wala mafuta ya taa. Jua kali la mchana halifai pia. Linaua harufu kwa siku moja na kukunja majalada milele. Vidonge vya nondo haviui ukungu, vinaumiza kichwa cha anayekaa mezani tu.

Kitabu kilicholowa kwa paa kuvuja kina saa 48 kabla ukungu haujaanza. Kisimamishe wima kikiwa kimetanuka kidogo, tia karatasi nyeupe zinazofyonza kila baada ya kurasa 10 hadi 15, na uzibadilishe kila saa chache huku feni ikipuliza. Msitumie magazeti kati ya kurasa, wino wake huhamia. Vya karatasi za kung'aa vishughulikiwe mwanzo. Vikikauka vimegandana, basi. Vikiwa vingi kuliko mikono, vitieni kwenye mifuko na friza la jirani anayeuza samaki, mbali na samaki, mvitoe vichache vichache. Friza lilelile huua vidudu vya rangi ya fedha vinavyokimbia ukifungua kitabu, pamoja na mayai yao: mfuko uliofungwa barabara, wiki mbili, kisha uachwe siku nzima bila kufunguliwa hadi jasho likauke. Dhidi ya mchwa hakuna friza. Kagueni nyayo za kabati na pembe za ukuta kila wiki, njia ya udongo ikionekana muiteni fundi wa dawa.

Kushona kitabu kilichoshikwa na kutu

Vijitabu vya watoto hufungwa kwa pini za stepla, na hewa ya bahari hula pini hizo. Kutu hukata karatasi, ukurasa wa katikati hutoka, kitabu kinakwisha. Dawa ni uzi, na ni kazi ya dakika kumi.

Fungua kitabu katikati. Inua ncha za pini kwa kisu butu, kisha zing'oe kwa upande wa mgongo. Pangusa kutu kavu. Linganisha kurasa na ubane kwa vibanio vya nguo juu na chini. Toboa matundu matatu kwenye mkunjo kwa sindano nene: moja katikati, mengine mawili umbali wa sentimita 5 juu na chini yake, kitabu kikubwa yasogezwe zaidi. Uzi uwe wa pamba imara, urefu mara mbili na nusu ya mgongo. Ingiza sindano tundu la kati kutoka ndani kwenda nje, ukiacha mkia wa sentimita 8 ndani. Rudi ndani kwa tundu la juu. Vuka la kati, toka nje kwa tundu la chini. Rudi ndani kwa tundu la kati, uangalie sindano isiupasue uzi wa kwanza. Sasa una ncha mbili ndani na uzi mrefu uliolala kati yake; kila ncha ikae upande wake wa uzi huo, vuta kwa kufuata mgongo, usivute kwa juu maana karatasi itachanika, kisha funga fundo mara mbili. Kata mikia ibaki sentimita 1.

Selotepu isitumike mahali popote ndani ya kitabu. Baada ya mwaka au miwili huwa kahawia, gundi yake hutoka na kugandisha kurasa. Zibeni mipasuko ya kurasa kwa karatasi nyembamba na gundi nyeupe iliyochanganywa na maji kidogo. Na mtu akileta nyaraka za ukoo zilizoandikwa kwa herufi za Kiarabu, mashairi au barua za wazee, msizibandike, msizitie plastiki, msizikunje. Zipigeni picha kwa ruhusa yake, muzitie kwenye bahasha ya karatasi, mumwelekeze kwa wataalamu wa makumbusho pale Fort Jesus.

Kuazimisha

Njia ya kadi haijashindwa na umeme kukatika. Ndani ya kila kitabu kuna kadi yenye namba, mwandishi na jina. Kila mwanachama ana vifuko viwili vya karatasi ngumu vyenye jina lake, hivyo haazimi zaidi ya vitabu viwili. Akiazima, kadi ya kitabu huingia katika kifuko chake, kifuko hupangwa kwenye sanduku nyuma ya tarehe ya kurudisha, na tarehe hiyo hugongwa kitabuni. Siku 14 zinatosha, na huongezwa kama hakuna anayekingoja. Asubuhi, vifuko vilivyobaki nyuma ya tarehe ya jana ndiyo orodha ya waliochelewa.

Faini zinafukuza. Mtoto anayedaiwa shilingi hamsini hapiti tena hata njia ile, na kitabu hamkipati. Tumeni ujumbe siku ya tatu, mwingine siku ya kumi, kisha mzazi atafutwe kwa upole. Kilichopotea kilipwe kwa kitabu, si lazima kilekile.

Fomu ya uanachama iulize jina, mtaa na simu tu. Sheria ya Kulinda Data ya 2019 inataka ridhaa ya mzazi kwa taarifa za mtoto, kwa hivyo asaini yeye. Fomu zifungiwe, anayesoma nini ni siri yake, hata akiuliza mumewe au mwalimu.

Mezani

Watu hawaulizi wanachotaka. Huuliza wanachodhani maktaba inacho.

"Mwanangu, mna kitabu cha sukari?"
"Karibu, mama. Wataka kujua nini hasa kuhusu sukari?"
"Chakula. Nimeambiwa niache wali, sasa sijui nile nini."

Swali moja lile la wazi limemhamisha kutoka 616.4, kwenye maelezo ya ugonjwa wenyewe, hadi 641.5 kwenye mapishi ya wagonjwa. Usimuulize mgonjwa ni nani. Usimwambie ale nini. Mfungulie ukurasa, hakikisha mwaka wa kitabu, na kama anasoma kwa shida msomee pembeni, si mbele ya foleni. Kabla hajaondoka uliza: "Hiki ndicho ulichokitaka?" Wengi husema ndiyo kwa adabu, tazama uso. Mkikosa jibu, swali liandikwe katika daftari la yaliyokosekana. Daftari hilo ndilo orodha yenu ya kununua, na ndilo hoja yenu mkienda kuomba fedha kaunti.

Hesabu ya vitabu hufanywa mara moja kwa mwaka, Desemba shule zikiwa zimefungwa. Mmoja asome namba kutoka rafuni, mwingine atie alama ya vyema kwenye daftari, pamoja na kadi zilizo sandukuni kwa ajili ya vilivyoazimwa. Vitabu 1,000 humaliza siku mbili. Kisichoonekana kitafutwe kwanza rafu ya juu na ya chini ya mahali pake, na nyuma ya safu, ambako ndiko vinakoangukia. Kikikosekana hesabu mbili mfululizo, kipigwe mstari mwekundu na mwaka uandikwe ubavuni.